Mobutu katika noti zake

Wiki iliyopita mama mmoja kutoka Katuba alinifuata kazini, hapa Lubumbashi, na kitita kilichofungwa kwa nailoni. Alikuwa amesikia kwamba kazi yangu ni historia ya fedha. Akakifungua polepole mezani: noti za zaïre 10, bado ngumu, zikinuka naftalini.

"Mwanangu, haya makuta yanaweza kunipatia hata mfuko wa unga?"

Makuta kwetu ni pesa yoyote. Nitamrudia. Kwanza nieleze kwa nini, nikifundisha habari za Mobutu, aliyekuwa rais wa nchi yetu ya Kongo, sianzi na hotuba zake. Hotuba zilidanganya. Noti nazo zilidanganya, lakini uongo wa noti unaonekana sokoni siku hiyo hiyo.

Zaïre, pesa yetu ya wakati huo, ilizaliwa Juni 1967. Moja ilikuwa sawa na falanga 1,000 za zamani, ikagawanywa katika makuta 100, na ilibadilishwa kwa dola 2 za Marekani. Ndiyo, ulitoa zaïre moja ukapewa dola mbili! Haikuwa miujiza. Januari mwaka huo huo Mobutu alikuwa ameitwaa Union Minière, kampuni ya Wabelgiji ya kuchimba shaba, iliyokuja kuitwa Gécamines, na shaba ilikuwa na bei. Sura ya Mobutu kwenye noti ikapata nguvu kutokana na udongo wa Likasi na Kolwezi, miji ya migodi. Watu husema alitawala kwa bunduki na fimbo ya chifu. Mimi naona miaka ile ya kwanza alitawala kwa shaba.

Novemba 1973 akatangaza zairianisation: maduka na mashamba ya wageni yakagawiwa wenye majina. Mwaka uliofuata bei ya shaba ikaanguka. Serikali iliyozoea kutumia haikujua kupunguza, ikachapisha noti.

Hapo ndipo kitita cha mama kinapoingia. Siku ya Krismasi 1979 ilitangazwa kwamba noti za zaïre 5 na 10, zile kubwa, zimekufa. Siku za kuzibadilisha zilikuwa chache mno. Nia iliyotajwa ilikuwa kuwabana walioficha fedha, lakini wakubwa walikuwa na njia zao. Aliyebanwa ni mtu wa kijijini aliyeweka akiba katika mtungi kwa sababu benki ilikuwa safari ya siku tatu. Mama huyu alikuwa kwa wazazi wake upande wa Sandoa. Aliporudi mjini, dirisha lilikuwa limefungwa. Noti hizi ni bei ya mabati aliyotaka kununua mwaka 1980.

Kwa maoni yangu Mobutu alianza kuanguka siku ile, zaidi ya miaka 17 kabla ya kuondoka. Baada ya hapo nani angeweka akiba kwa pesa yake? Mtu akipata zaïre asubuhi, jioni keshanunua chumvi, kitambaa au dola.

Mengine yalikwenda kama gari lisilo na breki. Gécamines ilitoa tani zipatazo 470,000 za shaba katikati ya miaka ya 1980. Mgodi wa Kamoto ukaporomoka Septemba 1990, na kufikia 1994 zilitoka kiasi cha tani 30,000 tu. Bila shaba, kilichobaki ni mashine ya kuchapia. Mwisho wa 1992 ikatoka noti ya zaïre 5,000,000: Mobutu kama marshali na medali zake, chui pembeni. Étienne Tshisekedi, waziri mkuu wa wakati huo, akasema si halali, wafanyabiashara wakaikataa. Januari 1993 askari waliolipwa kwa noti hiyo wakaipora Kinshasa, na balozi wa Ufaransa akauawa.

Oktoba mwaka huo ikaja nouveau zaïre, moja kwa milioni 3 za zamani. Mkoa wa Kasai ukaikataa, ukaendelea na noti kuukuu. Nchi moja, pesa mbili! Na Mobutu alipopasuliwa tezi dume huko Uswisi mwaka 1996, noti mpya zenye sifuri nyingi zilizofuata watu waliziita "prostate", kwa kuwa nazo zilikuwa zimevimba.

Aprili 9, 1997 waasi wa Laurent-Désiré Kabila waliingia Lubumbashi, na Mei 17 Kabila alijitangaza rais akiwa hapa hapa. Mobutu alifia Rabat Septemba. Falanga ilirudi Juni 30, 1998: moja kwa nouveaux zaïres 100,000. Piga hesabu, ni zaïre bilioni 300 za zamani.

Nilimweleza mama kwamba wakusanyaji hununua noti kama zake, ila kwa bei ndogo. Akazitazama, akachomoa moja iliyo safi, akairudisha, akafunga nailoni yake vilevile.

"Basi baba, nipe makuta ya transpor."

Nikampa falanga 1,000, ile yenye kichwa cha okapi.