Kukoki si kujaza risasi

Kukoki bunduki ni kurudisha nyundo yake nyuma mpaka springi ikazike na triga iishikilie hapo, ikingoja kuachiwa. Basi. Katika maana hiyo hakuna risasi inayoingia wala inayotoka. Ningeishia hapo kama nisingemsikia mtu, kwa mara ya kumi na ngapi sijui, akisema "ngoja nikoki kwanza" huku anasukuma risasi moja moja ndani ya silinda.

Safari hii ilikuwa ndani ya gemu la Red Dead Redemption 2. Jamaa yangu kashika padi, Arthur Morgan, mhusika anayemwendesha, kamwelekezea mtu bastola. Risasi ya kwanza imetoka. Anabonyeza R2, kitufe cha kupigia, mara ya pili, kidole gumba cha Arthur kinacheza kidogo, kinasikika kilio cha chuma, moto hakuna. Anabonyeza tena, risasi inatoka. "Padi imekufa hii," akasema, "inakubali mara moja, inakataa mara moja." Nikamwambia padi ni nzima, ni bastola inayotaka kukokiwa. Akanigeukia kwa huruma kabisa: "Nikoki nini, na risasi bado zimo tano?"

Shida yote iko kwenye swali hilo. Kwake kukoki ni kujaza, na kwa kuwa hakuna pa kujaza, hakuna cha kukoki.

Cha ajabu ni kwamba Kiswahili kilikwisha kulitenganisha jambo hili zamani. Tunasema bunduki inafyatuliwa, na kufyatua ni neno la mtego. Kinachofyatuka lazima kwanza kiwe kimetegwa. Chukua mtego wa panya: kuweka chambo ni kazi moja, kuvuta waya nyuma na kuunasa kwenye kijiti chake ni kazi nyingine. Unaweza kuweka kipande kinono cha samaki na usiutege, panya akala akashiba akaondoka. Unaweza pia kuutega bila chambo, ukajibana vidole mwenyewe. Risasi ndiyo chambo, na kukoki ndiko kutega. Wazee waliobeba magobori walisema kupanza mtambo, na mtambo kwao ulikuwa ule utaratibu wa chuma na springi, ule ule unaotajwa kwenye mitego. Hakuna aliyeuchanganya na baruti aliyoishindilia mtutuni.

Kisha likaja koki, nasi tukalipokea bila kuuliza linatoka wapi. Linatoka kwa jogoo. Kwenye bunduki za mrao, zile za kuwashwa kwa utambi, palikuwa na mkono wa chuma uliopinda ulioushika utambi na kuushusha penye baruti. Zilipokuja za gumegume, mkono ule ukashika jiwe badala ya utambi: ukiuvuta nyuma na kuuachia, jiwe linagonga chuma, cheche zinaruka. Ukiutazama kwa ubavu, shingo imepinda, kichwa kiko juu na mdomo umebana kitu. Waingereza wakaona jogoo, wakauita jogoo, na kuuvuta nyuma kukawa "kumjogoo". Sisi tukachukua kitenzi, jogoo tukamwacha kwao.

Wala si Waingereza peke yao. Wajerumani kipande hicho hukiita Hahn, jogoo. Waturuki husema horoz, jogoo vilevile. Wapolandi husema kurek, kijogoo. Wafaransa na Wareno wao waliona mbwa. Na sasa fikiria koki ya maji, ile unayoizungusha bombani: ni neno lile lile la jogoo, limeingia kwetu kwa mlango mwingine. Hahn ya Mjerumani nayo ni ya bunduki na ya maji, na kurek ya Mpolandi vilevile. Kwa hiyo anayefunga koki ya bomba na anayekoki bastola wote wawili wanashughulika na kuku.

Baadaye fataki, kile kidude kinacholipuka kikigongwa, ilichukua nafasi ya jiwe. Mkono ule haukubana kitu tena, ukabaki kugonga tu, ndiyo sababu leo tunauita nyundo. Jogoo alikufa, kitenzi chake kikabaki. Ni rahisi kitenzi kisichokuwa na kitu nyuma yake kuanza kutangatanga, na hiki chetu kimetangatanga hadi kwenye kujaza risasi. Warusi wana msiba unaofanana: kurok, waliyoitoa kwa Wapolandi, ni nyundo, lakini katika mazungumzo ya kawaida watu "huibonyeza kurok" wakimaanisha triga, na wajuzi wao wa bunduki hukereka kama ninavyokereka mimi.

Turudi kwa Arthur. Hadithi ya gemu iko mwaka 1899, na bastola anayoanza nayo, Cattleman, imetengenezwa kwa sura ya Colt Single Action Army ya 1873. Jina hilo la kiwanda lina maelezo yote: triga ya bastola hii ina kazi moja tu (single action), kuachia nyundo. Haiwezi kuivuta nyuma. Hiyo ni kazi ya kidole gumba, na nyundo ikirudi nyuma inaizungusha silinda hatua moja ya sita ili tundu lenye risasi mpya likae mbele ya nyundo. Ndiyo maana bonyezo la pili la R2 linatoa kilio tu. Wachezaji wengi huliona kama kasoro, mimi naliona ndilo jambo la uaminifu kuliko yote kwenye gemu lile.

Bastola inayoitwa Double-Action Revolver haina usumbufu huo, na hapo huzuka kosa la pili, dada wa lile la kwanza. Nimeshasikia kwamba "dabo" maana yake inatoa risasi mbili. Hapana. Zinazohesabiwa ni kazi za triga: inavuta nyundo nyuma, halafu inaiachia, yote kwa mvuto mmoja wa kidole. Inakokiwa kila mara, ila hukoki wewe. Wala si uchawi uliotiwa na watengeneza gemu ili kukupunguzia kazi. Robert Adams wa Uingereza alikuwa na bastola ya kujikoki mwaka 1851, na Colt wenyewe wakatoa za kazi mbili mwaka 1877.

Nikiri jambo moja, nisije nikaonekana namwonea jamaa yangu. Mkanganyiko una chanzo. Colt ile ya 1873 ukiivuta nyundo polepole inalia mara nne, na kituo cha pili ni nusu koki. Hapo silinda inalegea, inazunguka kwa kidole, unafungua kilango cha pembeni na kuingiza risasi moja, unazungusha, unaingiza nyingine. Kwa hiyo ni kweli kwamba ili kujaza unaanza na nusu koki. Lakini nusu koki ni kufungua mlango, kujaza ni kuingia ndani.

Bunduki za wenzo ndizo zilizovuruga zaidi. Chukua Lancaster ya gemu lile, ambayo ni Winchester ya 1873 kwa jina la bandia. Ukishusha wenzo na kuurudisha, ganda tupu linaruka, risasi mpya inapanda, inaingia mtutuni, na nyundo imekwisha kurudi nyuma. Mambo matatu kwa mkupuo mmoja wa mkono. Anayetazama kwenye skrini anaona mwendo mmoja, anaupa jina moja, na jina lililo karibu ni kukoki. Ya marisau ya kusukuma mbele na nyuma iko hivyo hivyo. Kwa hizo sibishani na mtu, maana akisema amekoki hajakosea, amesema theluthi moja ya alichofanya. Anakosea anapolichukua jina hilo akalibandika kwenye bastola ya silinda, ambako kazi hizo ziko mbalimbali kabisa.

Na tofauti hii haikuwa ya kubishania vibarazani. Kwenye Colt ya 1873 ncha ya kugongea fataki iko kwenye nyundo yenyewe, kwa hiyo nyundo ikilala juu ya tundu lenye risasi, pigo moja la nyuma linatosha. Januari 1876, mjini Wichita, Kansas, polisi Wyatt Earp alikuwa amekaa kwenye saluni, yaani baa, bastola ikamtoka kwenye ala, nyundo ikagonga, risasi ikapita kwenye koti lake na kutokea darini. Hakuwa amekoki. Alikuwa amejaza tu, matundu yote sita. Watu waangalifu waliweka tano na kuacha nyundo ilale juu ya tundu tupu. Arthur hutembea na sita zimejaa wakati wote, na hajawahi kujipiga nyonga. Hilo nawasamehe watengeneza gemu.

Jamaa yangu, kabla hajakubali, alijaribu dawa nyingine. Aliamua bastola ni chafu, akanunua mafuta ya bunduki, akamkalisha Arthur chini akaipangusa mpaka mistari ya hali yake ikajaa. Ni kweli kwamba bunduki kwenye gemu lile hufifia kwa kutumika, maji na tope, na ikififia inapoteza nguvu na kasi. Ila mafuta hayavuti nyundo. Aliporudi vitani ilikuwa vile vile: inafyatua, inanyamaza, inafyatua.

Akaenda kwa fundi bunduki wa Valentine, mji wa mle mle ndani ya gemu. Ukifika pale unaweza kurefusha mtutu na kubadilisha mpini, na unaweza kuchagua madini ya kila kipande kivyake: silinda, triga, nyundo. Nyundo akaifanya ya dhahabu. Nilipomwonyesha kwa kidole kwamba hiyo anayoilipia ndiyo inayokokiwa, akacheka. "Hii? Mimi nilidhani ni urembo."

Kwa hiyo ukimwona mtu amelenga, kabonyeza, bastola imenyamaza, naye anasema hajakoki kwa sababu risasi bado zipo, usimkatize kwa ukali. Mwambie aitazame ile ya dhahabu kama imelala au imesimama. Ikiwa imelala, abonyeze mara moja zaidi, halafu ndipo alenge.