Je, wajua? Kwa nini jiwe la kalingi hupinda upande ambao bilauri haiendi

Chukua bilauri ya kioo, ipindue mdomo chini juu ya meza laini, kisha isukume mbele huku ukiizungusha kidogo kwa vidole kufuata mishale ya saa. Itateleza, na kabla ya kusimama itakuwa imechepuka kushoto. Izungushe kinyume, nayo itakwenda kulia.

Hadi hapo hakuna ajabu. Kitu kinachopunguza mwendo huelemea mbele, kama abiria waliosimama kwenye daladala dereva anapokanyaga breki. Ukingo wa mbele wa bilauri unaikandamiza meza kuliko ukingo wa nyuma, kwa hiyo unasuguana nayo zaidi. Na kwa kuwa bilauri inazunguka kufuata saa, ukingo huo wa mbele unakwenda kulia. Msuguano siku zote hupinga mwendo, basi unausukuma kushoto, na bilauri nzima inafuata.

Sasa weka kwenye barafu jiwe la kalingi (mchezo wa kutelezesha mawe juu ya barafu), lizungushe vilevile kufuata mishale ya saa, ulisukume. Linapinda kulia. Ni umbo lilelile la duara, ni mzunguko uleule, lakini linakwenda upande wa pili kabisa. Mwanafizikia E. L. Harrington wa Chuo Kikuu cha Saskatchewan, Kanada, alichapisha vipimo vyake kuhusu mwendo wa mawe haya mwaka 1924, na miaka mia moja baadaye wataalamu bado wanabishana.

Kwa ambaye hajauona mchezo wenyewe: kalingi ulizaliwa Scotland, na tangu mwaka 1998 umo rasmi kwenye Olimpiki ya majira ya baridi. Mchezaji anateleza akiwa amepiga goti, mkononi ameshika mpini wa jiwe, kisha analiachia taratibu kuelekea duara la shabaha lililo upande wa pili wa uwanja. Wenzake wawili wanakwenda mbele ya jiwe wakiifagia barafu kwa nguvu zote, na kapteni amesimama kwenye shabaha akiwapigia kelele. Mtu akiona mara ya kwanza hucheka. Akitazama mechi nzima hacheki tena, maana kumbe mawe yale yanazungushwa nyuma ya mawe ya wapinzani kwa hesabu ya sentimita.

Jiwe lina uzito wa kati ya kilo 17.24 na 19.96 kwa mujibu wa sheria. Yale ya Olimpiki huchongwa kutoka mwamba wa graniti wa Ailsa Craig, kisiwa kidogo kisicho na wakazi kwenye pwani ya magharibi ya Scotland. Ukiligeuza utaona jambo muhimu: tumbo lake limebonyea, kwa hiyo haligusi barafu lote. Linasimama juu ya mkanda mwembamba wa duara wenye kipenyo cha sentimita 12 hivi, na upana wa mkanda huo ni milimita chache tu. Mzigo wote wa kilo karibu 20 uko hapo.

Na barafu yenyewe si kioo. Kabla ya mchezo, fundi wa barafu hutembea kinyumenyume akiwa na tangi mgongoni, akinyunyiza matone madogo ya maji. Matone hayo huganda papo hapo na kuacha vipele, kisha vichwa vya vipele hukatwa kwa wembe mpana ili vilingane. Bila vipele jiwe hukwama mapema, halifiki shabaha. Kwa hiyo kinachokutana hasa ni mkanda wa graniti na vichwa vya vipele, basi. Siri yote imo kwenye mguso huo mdogo.

Wazo la kwanza kumjia mtu ni maji. Kwa bilauri, mbele kuna msuguano mkubwa. Ili jiwe liende kinyume chake, inatosha nyuma kuwe na msuguano mkubwa kuliko mbele. Mark Shegelski na wenzake, wa British Columbia, Kanada, walipendekeza miaka ya 1990 kwamba jiwe linapoelemea mbele linaipasha barafu joto kwa msuguano na kuiyeyusha kidogo. Utando mwembamba wa maji unalainisha njia upande wa mbele, nyuma kunabaki kukavu zaidi, na ukingo wa nyuma, ambao unakwenda kushoto, unasukumwa kulia. Ni maelezo mazuri, na kwa miaka kadhaa ndiyo yaliyokuwa yakisimuliwa sana.

Tatizo ni kwamba jiwe lina tabia nyingine inayoyaharibu. Kama tofauti ya mbele na nyuma ndiyo kiini, ukiongeza mzunguko jiwe lingepinda zaidi, maana ukingo unakwenda kando kwa kasi zaidi. Wachezaji wanajua haiwi hivyo. Jiwe linalozunguka mara mbili au tatu tu tangu liachiwe hadi lisimame hupinda kama mita moja, nyakati nyingine zaidi. Ukilizungusha zaidi halipindi zaidi. Likizunguka kupita kiasi hunyooka.

Tena angalia mwendo wenyewe ulivyo mdogo. Jiwe linaachiwa kwa kasi ya mita 2 hivi kwa sekunde na kusafiri kwa sekunde ishirini na kitu. Likizunguka mara tatu katika muda huo, mkanda wa chini unazunguka kwa kasi ya sentimita 5 au 6 tu kwa sekunde. Kwenye mwendo wa mita 2, hicho ni kiasi kidogo sana cha kwenda kando. Ndiyo maana mwanzoni jiwe huonekana kama linakwenda moja kwa moja, na sehemu kubwa ya kupinda huja mwishoni, likiwa limechoka.

Mwaka 2013 watafiti wanne wa Chuo Kikuu cha Uppsala, Sweden, Harald Nyberg, Sara Alfredson, Sture Hogmark na Staffan Jacobson, walikuja na jibu la aina nyingine. Wao si watu wa maji. Taaluma yao ni msuguano na ulikaji wa vitu. Walisema tazameni ukwaru wa mkanda. Nusu ya mbele ya mkanda inapopita juu ya kipele inakikwaruza, na kwa kuwa jiwe linazunguka kufuata saa, mikwaruzo hiyo inaelekea mbele na kulia kidogo. Sekunde ndogo baadaye nusu ya nyuma inafika juu ya kipele kilekile, lakini yenyewe inakwenda mbele na kushoto. Meno yake madogo yanakatiza mikwaruzo iliyopo, yanagongana na kingo zake, na yanasukumwa kuifuata, yaani kulia. Kuthibitisha, waliikwaruza barafu wenyewe kwa mshazari, kisha wakapitisha jiwe juu yake. Jiwe lilifuata mikwaruzo.

Mafundi wa mchezo huu hawakushangaa sana. Mkanda uliong'aa kwa kutumika muda mrefu hupunguza kupinda kwa jiwe, na dawa yake ni msasa: unasugua mkanda, ukwaru unarudi, jiwe linapinda tena. Kwangu mimi msasa huo ni ushahidi mzito kuliko milinganyo mingi. Kama maji ndiyo yangekuwa mwenye kazi, ukwaru usingekuwa na uzito wote huo.

Lipo pia wazo la upande wa kulia na wa kushoto. Jiwe likizunguka kufuata saa huku likienda mbele, upande wake wa kushoto unapita juu ya barafu kwa kasi kubwa kidogo kuliko upande wa kulia, na msuguano wa barafu huongezeka kasi inapopungua. Kwa hiyo kulia kunashika zaidi. Wengi wangeishia hapo wakasema basi, jiwe linavutwa kulia. Lakini hiyo haitoshi: kinachokuvuta nyuma upande mmoja kinakuzungusha tu, hakikusogezi kando. Inabidi kuwe na kitu cha kushikia.

Hapo ndipo Jiro Murata, mwanafizikia wa Chuo Kikuu cha Rikkyo, Japani, alipoingia mwaka 2022. Badala ya kuanza na nadharia, alipima kwa kamera na kwa usahihi mkubwa mwendo wa mawe yaliyotupwa zaidi ya mara 100. Alichokiona ni kwamba upande ule wa polepole ndio unaonasa zaidi kwenye barafu, na kila unaponasa jiwe linajizungusha kuizunguka nukta hiyo, kisha linaachia na kuteleza tena. Nukta ikiwa kulia, kiini cha jiwe nacho kinavutwa kulia. Shegelski mwenyewe, akiwa na Edward Lozowski, alishaliacha wazo la utando wa maji akageukia hadithi inayofanana na hii, ya kunasa na kuachia.

Mabishano kati ya Uppsala na kambi ya kunasa hayajaisha, ila sioni kama yako mbali sana. Wote wameshaondoka kwenye maji wakahamia kwenye meno madogo ya graniti yanayong'ang'ania vipele.

Ufagiaji nao unaangukia humohumo. Kusugua kwa brashi kunaipasha barafu joto kidogo, jiwe linakwenda mbali zaidi na kwa njia iliyonyooka zaidi. Ila msimu wa 2015 ziliingia brashi zenye vitambaa vikali vilivyoikwaruza barafu, na mfagiaji mmoja stadi aliweza kulielekeza jiwe atakako, hata kulirudisha kinyume na mzunguko wake. Wachezaji wakubwa wenyewe walilalamika kwamba ustadi wa mrushaji umekosa maana. Mei 2016 brashi hizo zilifanyiwa majaribio huko Ontario, Kanada, na kuanzia msimu uliofuata shirikisho la dunia likaamuru kitambaa cha aina moja tu kitumike kwenye mashindano yake.