Keratokonasi ni nadra kiasi gani? Inategemea kahesabiwa nani

Wiki iliyopita dada yangu kanipigia akitoka kliniki ya macho na dogo wake wa form tuu, miwani ya tatu hiyo ndani ya mwaka na nusu na bado dogo anaona taa za magari usiku zimetawanyika hovyo, sasa wameambiwa ni keratokonasi. Yaani konea, kile kioo cha mbele kabisa cha jicho, inazidi kuwa nyembamba afu inachongoka kwa mbele kama koni. Wakaambiwa wasipaniki, ni ugonjwa nadra, mtu mmoja kati ya 2000. Dada yangu si mtu wa kumpa namba hivi hivi akameza. "Sasa mdogo wangu, kama ni mmoja kati ya elfu mbili, mbona pale kwenye benchi tulikuta watoto wawili wengine wenye hilohilo?"

Swali zuri, na jibu lake ndo dhana yenyewe ninayotaka kuielezea hapa: wangapi wanao ugonjwa, kati ya watu wangapi, kwa wakati fulani. Wataalamu wanaiita prevalensi. Huku kwetu tumezoea kusema "kiwango cha maambukizi", tumelitoa kwenye malaria na UKIMWI tukalibandika kila mahali, ila hapa linapotosha maana keratokonasi haiambukizi kabisa, huipati kwa kushea taulo wala kutazamana na mtu.

Na usichanganye wenye ugonjwa na wagonjwa wapya. Chukulia simtanki ya nyumbani: wagonjwa wapya kila mwaka ndo maji yanayotiririka toka bombani, prevalensi ni maji yaliyomo ndani tayari. Keratokonasi inaanza ujanani, mara nyingi kwenye balehe, haiui, na haiondoki, kwa hiyo hata bomba likidondosha tonetone tanki linajaa taratibu. Ile namba maarufu ya vitabuni imetoka jimbo la Minnesota, Marekani, walipitia mafaili ya wagonjwa toka 1935 mpaka 1982 wakapata wapya 2 tu kwa mwaka kwenye kila watu 100,000, lakini waliokuwa nao kwa jumla ni 54.5. Hiyo 54.5 ndo iliyozaa "mmoja kati ya 2000", na ndo hiyo dada yangu kapewa Dar es Salaam, mwaka huu!

Sasa angalia waliohesabiwa ni akina nani. Ni wakazi wa Minnesota, wengi wao weupe, miaka hiyo ambayo mashine ya kuchora ramani nzima ya konea haipo, wanatumia vifaa vya kumulika jicho na kupima mviringo wa konea pale katikati. Kwa vifaa hivyo unamkamata ambaye koni imeshajitokeza. Wa mwanzo mwanzo, anayedhani ni miwani tu haijamkaa sawa, anapita.

Mashine zilivyokuja namba zikabadilika. Tuseme lile basi refu la mwendokasi linabeba watu kama 150. Kwa hesabu ya Minnesota ungehitaji mabasi 13 na zaidi ndo umpate mmoja. Uholanzi, utafiti uliotoka 2017 wa kumbukumbu za bima ulipata mmoja kati ya 375, hapo ni mabasi mawili na nusu, na hao ni wale tu walioshafika kwa daktari. Perth, Australia, waliwapima vijana wa miaka 20 kwa mashine, wawe wanalalamika au hawalalamiki, wakapata mmoja kati ya 84, yaani basi moja halijajaa hata. Riyadh, Saudia, ndo balaa: watoto na vijana 522 waliokuja hospitali kwa shida zisizo za macho, karibu mmoja kati ya 21. Hiyo ni Kosta levo siti! (Ila 522 si wengi, na ni mji mmoja, mi nisingeitangaza kama namba ya Waarabu wote.)

Mtu atasema basi ni mashine tu. Hapana. Leicester, Uingereza, mji ambao Wahindi kibao walihamia miaka ya 1970 wakitokea hukuhuku Afrika Mashariki, walilinganisha watu wa mji huohuo mmoja wakakuta wenye asili ya Asia wanaupata karibu mara nne kuliko wazungu, na wanagundulika wakiwa wadogo zaidi. Urithi upo, ndoa za binamu kwa binamu zinatajwa, na kuna aleji na kufikicha macho, ambako mi naona ndo kunatugusa sana sisi watu wa joto na vumbi.

Na benchi la dada? Hilo sio prevalensi, aisee. Pale kliniki wamekusanyika wale wale ambao miwani imewashinda, ni sawa na kukaa gereji ukasema magari yote ya Dar ni mabovu. Kwa hiyo mmoja kati ya 2000 ni kidogo mno, watatu benchi moja ni wengi mno, ukweli uko hapo katikati na unahama kulingana na watu wenyewe.

Kwa dogo, wanasubiri kupima tena waone kama inaendelea, ikiendelea kuna ile tiba ya matone ya vitamini B2 na mwanga wa UV, inaikaza konea isizidi kuchongoka ingawa hairudishi iliyokwishachongoka. Ila nimemwambia dada ampeleke na yule mdogo wake wa darasa la tano, maana ndugu wa damu yuko kwenye hatari kuliko mtu baki, na yule namjua mimi, akitoka shule na vumbi lake anayafikicha macho kwa ngumi.