Je, wajua kwa nini kipa wa Iran hubadilisha jezi karibu kila msimu?

Fuatilia Ligi Kuu ya Iran misimu mitano mfululizo, utaona jina la kipa mmoja likianzia Ahvaz, likahamia Arak, likatokea Anzali, kisha likaibukia kwenye benchi la timu ya Tehran. Anayetazama kwa mbali husema huyo ni kipa mbovu, kila klabu inamkataa. Mara nyingi mambo ni kinyume. Kipa wa namna hiyo anahitajika sana, ila nafasi yenyewe ndiyo inayohamahama, naye hana budi kuifuata iliko.

Anza na hesabu. Ligi Kuu ya huko, iitwayo Ligi ya Ghuba ya Uajemi, iliyoanza kama ligi ya kulipwa mwaka 2001, ina timu 16 na kila timu hucheza mechi 30. Chini yake iko Ligi ya Azadegan, ambayo kabla ya 2001 ndiyo iliyokuwa ya juu. Hiyo ina timu 18. Kwa hiyo madaraja mawili ya juu, katika nchi yenye watu zaidi ya milioni 80, yana viti 34 tu vya kipa namba moja. Winga akikosa namba kushoto atajaribiwa kulia, au ataingizwa dakika ya 70. Kipa hana njia hiyo. Mabadiliko matano yanayoruhusiwa siku hizi hayamfaidii, maana hakuna kocha anayemtoa kipa mzima katikati ya mechi. Klabu husajili makipa watatu hivi, wote watatu wanavuja jasho sawa mazoezini, anacheza mmoja. Wa pili husubiri Kombe la Hazfi, lile la mtoano, ambalo timu ya Ligi Kuu hulitwaa kwa kucheza mechi tano. Wa tatu husubiri wawili waumie.

Ndiyo maana kipa mmoja mkubwa akiondoka, wengine watatu au wanne hufungasha mizigo. Mfano mzuri ni wa mwaka 2020. Alireza Beiranvand, yule aliyeokoa penalti ya Cristiano Ronaldo kwenye Kombe la Dunia 2018, aliondoka Persepolis, klabu kubwa ya Tehran, kwenda Royal Antwerp ya Ubelgiji. Persepolis walikuwa naye Božidar Radošević, Mkroatia aliyekaa nyuma ya Beiranvand kwa misimu kadhaa, lakini bado wakamchukua Hamed Lak kutoka Machine Sazi ya Tabriz. Lak alikuwa anakaribia miaka 30. Wiki chache baadaye alikuwa langoni Qatar katika Ligi ya Mabingwa ya Asia, akaipeleka timu fainali baada ya mikwaju ya penalti dhidi ya Al Nassr, na Desemba 19 akasimama langoni fainali ilipopotea 2-1 mbele ya Ulsan ya Korea Kusini. Huku nyuma Machine Sazi walibaki na pengo, na pengo hilo huzibwa kwa kumtoa kipa wa mtu mwingine. Mwaka 2022 Beiranvand alirudi Persepolis, kiti kikawa chake tena.

Mwaka 2024 mnyororo ukavutwa upya: Beiranvand akaenda Tractor ya Tabriz, akatwaa nayo ubingwa wa 2024/25, wa kwanza katika historia ya klabu hiyo. Persepolis wakamleta Alexis Guendouz wa Algeria, na mwaka 2025 Esteghlal, wapinzani wao wa Tehran, wakamsajili Mhispania Antonio Adán. Viti vikubwa vya Tehran vikapewa wageni, na makipa wazalendo wakasukumana kushuka chini.

Halafu kuna jeshi. Kila mwanamume wa Iran akifika miaka 18 anadaiwa utumishi wa jeshi, kwa kawaida miezi 18 hadi 24. Asipokuwa na kadi ya kumaliza utumishi, pasipoti na safari za nje zinakuwa na vikwazo, na hivyo ndoto ya kusajiliwa Ulaya inasimama palepale. Wengine huahirisha kwa kujiandikisha chuo kikuu. Kwa wachezaji, mlango uliozoeleka kwa miaka mingi ulikuwa kutumikia ukiwa katika klabu zenye uhusiano na majeshi: Fajr Sepasi ya Shiraz, Malavan ya Bandar Anzali iliyokuwa ya jeshi la wanamaji, na mwanzoni mwa miaka ya 2010 Tractor pia. (Neno hilo “bandar” ndilo “bandari” yetu, tulilipata kwa Waajemi.) Kwa mshambuliaji hiyo ni hasara, kwa sababu anacheza kwa posho ndogo katika umri wa kuuzwa. Kwa kipa kijana inaweza kuwa bahati kubwa. Kipa aliyemtangulia akimaliza utumishi huondoka, lango linabaki wazi, na kijana wa miaka 20 anapata mechi ambazo Tehran angezisubiri hadi 26. Hatari iko kwenye mwezi wa kumaliza. Utumishi ukiisha Novemba, dirisha la usajili limefungwa na viti vyote vimekaliwa.

Jambo la tatu ni wenye klabu. Soma majina yenyewe: Foolad ni chuma, Zob Ahan ni uyeyushaji wa chuma, Mes ni shaba, Sanat Naft ni viwanda vya mafuta, Nassaji ni ufumaji wa nguo, Paykan ni jina la gari. Timu nyingi ni mali ya viwanda, migodi au taasisi za serikali; hata Persepolis na Esteghlal zilikuwa chini ya Wizara ya Michezo mpaka hisa zao zilipouzwa mwaka 2024. Mkurugenzi wa kiwanda akibadilishwa, bajeti ya timu inabadilika naye. Na kiti cha ligi huko kinauzwa: mwaka 2018 nafasi ya Gostaresh Foolad katika Ligi Kuu iligeuka kuwa ya Machine Sazi. Timu iitwayo Saba ilihama Tehran ikaenda Qom. Pas ya Tehran, bingwa wa klabu za Asia mwaka 1993, ilivunjwa 2007 na nafasi yake ikapelekwa Hamedan. Mchezaji aliyepanga nyumba karibu na uwanja wa mazoezi anaweza kusikia redioni kwamba timu yake sasa iko mkoa mwingine.

Katika hali hiyo, mikataba mifupi haishangazi. Kanuni za FIFA zinataka mkataba usiwe mfupi kuliko kipindi kilichobaki hadi mwisho wa msimu, wala usizidi miaka mitano. Makipa wa daraja la kati huishia upande ule mfupi. Klabu isiyojua bajeti yake ya mwakani haitaki kujifunga, na kipa anayeona thamani ya riali, fedha ya Iran, ikishuka hataki kufungwa na kiasi kilichoandikwa miaka miwili iliyopita. Mshahara ukichelewa, kanuni ya FIFA ya mwaka 2018 inampa mchezaji haki ya kuvunja mkataba akidai mishahara ya miezi miwili, baada ya kuiandikia klabu na kuipa siku 15 ilipe. Kwenye karatasi haki hiyo ni ya wote. Uwanjani kipa huitumia kwa woga kuliko beki. Beki akivunja mkataba Desemba, Januari anaweza kupata timu mbili tatu. Kipa atakuta viti 16 vimejaa, labda kimoja kimefunguka kwa sababu mtu amevunjika kidole. Kwa hiyo anaendelea kucheza huku akidai, anatunza nakala ya kila barua na kila risiti ya benki, na kesi anaifungua msimu ukiisha. Wakati mwingine fedha hufika akiwa ameshapita klabu mbili.

Na klabu yenye madeni humwumiza hata anayeingia. Persepolis walifungiwa na FIFA kusajili katika madirisha mawili mwaka 2018, kutokana na mgogoro wa mkataba wa mshambuliaji wao Mehdi Taremi na klabu ya Rizespor ya Uturuki. Kikosi chao chembamba kilifika fainali ya Asia mwaka huohuo, jambo la kustahili sifa kubwa, lakini kwa kipa aliyetarajia kwenda huko msimu ule mlango ulikuwa umefungwa kwa kufuli.

Sasa tuje kwenye lango lenyewe, maana hapa ndipo watu wengi hawajui kuhama kunagharimu nini. Lango ni lilelile kila mahali, mita 7.32 kwa 2.44. Hewa si ileile. Abadan iko karibu usawa wa bahari. Anzali, kando ya Bahari ya Kaspi, iko chini ya usawa wa bahari kabisa. Tehran iko kama mita 1,200 juu, Isfahan karibu 1,600, Arak na Sirjan karibu 1,700. Kwenye mita 1,700 hewa ni nyepesi kwa takriban asilimia 15 kuliko pwani. Mpira unakutana na ukinzani mdogo, hivyo unafika na kasi zaidi, unapinda kidogo kuliko ulivyozoea, na krosi inaenda mbali zaidi. Kipa aliyetoka Abadan akienda Sirjan kwa Gol Gohar, klabu ya huko, hufanya kosa lilelile wiki za kwanza: anatoka kudaka kona kwa vipimo vya nyumbani, mpira unapita juu ya vidole vyake na kumwangukia mtu wa nguzo ya mbali. Dawa yake inajulikana. Mazoezi ya awali apigiwe krosi nyingi kutoka pande zote mbili, aanze hatua moja nyuma ya pale alipozoea, na asitoke mpaka aone mpira umeanza kushuka. Anayehama kutoka milimani kwenda pwani hupata kosa la upande wa pili: anangoja, mpira unadondoka mapema mbele yake, beki na mshambuliaji wanagongana juu yake.

Anzali ina shida yake, mvua. Ni miongoni mwa miji inayonyesha zaidi Iran, zaidi ya milimita 1,700 kwa mwaka. Shuti la chini likigusa nyasi zenye maji linaongeza mtelezo, kwa hiyo kipa mwenye akili haling'ang'anii kulidaka. Analisukuma pembeni, mbali na boksi, au analizuia kwa mwili mzima, goti likiwa nyuma ya mikono. Ahvaz ni joto. Kiangazi hupita nyuzi 50, na msimu huanza kabla joto halijaisha. Raba ya viganja vya glavu ikikauka haishiki kitu. Hulowanishwa kidogo kwa maji kabla ya mechi na tena mapumziko, na baada ya mechi huoshwa kwa maji ya uvuguvugu, hukamuliwa bila kupindwa, huanikwa kivulini. Ukiianika juani Ahvaz, au ukiiacha kwenye buti la gari, inapasuka na kubanduka. Kipa makini hutenga jozi za mechi na jozi za mazoezi, na kadiri riali inavyoshuka ndivyo jozi nzuri ya kutoka nje inavyozidi kuwa mzigo kwa mchezaji wa Azadegan anayejinunulia mwenyewe.

Kitu kimoja kinachompandisha kipa bei haraka ni namna anavyoanzisha mashambulizi. Beiranvand ndiye kielelezo. Mtoto wa familia ya wafugaji wahamaji wa mkoa wa Lorestan, aliyekulia kwenye mchezo wa kurusha mawe mbali, alikimbilia Tehran akiwa kijana, akaosha magari na kulala nje kabla ya kupata nafasi katika klabu ya Naft Tehran. Mkono ule wa kurushia mawe ukawa mali. Oktoba 11, 2016, dhidi ya Korea Kusini, alirusha mpira mita 61.0026, na Guinness, wa kitabu cha rekodi, wakautambua kuwa mrusho mrefu kuliko wote katika mechi. Uwanja wa kawaida una mita 105, kwa hiyo kutoka karibu na lango lake mpira ulivuka mstari wa kati. Mrusho wa namna hiyo humfikia winga akiwa mbioni, wakati mabeki wa upande wa pili bado wako mbele kwa ajili ya kona. Kipa asiye na mkono huo hujenga mguu: pasi fupi kwa beki wa kati akiwa amebanwa, na mpira mrefu unaotua mahali palepale alipokusudia.

Kuhama kote huku humpa kipa kitu ambacho mwenzake aliyekaa benchi la Tehran hana, yaani mechi, na mechi ndizo zinazomweka sokoni hadi miaka 36 au 37. Mehdi Rahmati, aliyewahi kuwa kipa wa timu ya taifa, alipitia Fajr Sepasi, Sepahan, Mes Kerman, Esteghlal, Paykan na hatimaye Shahr Khodro ya Mashhad, ambako mwaka 2020 alikabidhiwa timu kama kocha mkuu. Ni wachache wanaopewa timu nzima hivyo. Wengi huomba kuwa makocha wa makipa, na nafasi hiyo nayo kwa kawaida ni moja kwa kila klabu.