Mtambaazi wa rangi za vuli ni mmea gani?

Mtu aliyezoea bogenvilia za Mombasa au Moshi akitumiwa picha ya jengo la Boston, Marekani, iliyopigwa mwezi wa Oktoba, ukuta mwekundu kuanzia msingi hadi paa, swali lake la kwanza huwa: maua gani hayo? Hapo hapana ua hata moja. Ni majani, tena yamebakiza wiki chache yaanguke. (Bogenvilia nayo hutudanganya vilevile. Ile karatasi ya zambarau ni jani lililogeuka, ua lenyewe ni kile kidude cheupe cha katikati. Lakini hiyo ni habari nyingine.)

Mtambaazi wa rangi za vuli ni mmea wenye shina gumu la mti ila hauna nguvu ya kusimama wenyewe. Huegemea ukuta, uzio au mti, ukapanda, na kila mwaka kabla ya baridi kali hupukutisha majani yote baada ya kuyageuza manjano, rangi ya chungwa au nyekundu. Kupanda peke yake hakutoshi. Ile aivi ya Kiingereza, Hedera helix, hupanda vizuri mno, lakini hubaki kijani hata theluji ikiwa imeilalia, kwa hiyo haimo.

Neno vuli nalo lina mtego. Kwa mkulima wa Tanga vuli ni mvua za Oktoba hadi Desemba. Kamusi zimelichukua neno hilohilo zikalipa majira ya nchi za kaskazini, majani yanapopukutika. Miezi inakaribiana, mambo yanapishana: kwetu vuli mimea inachipua, kule inajivua.

Ndani ya jani mambo huenda hivi. Ukijani unatokana na klorofili, ambayo mmea huitengeneza bila kukoma wakati wote wa joto, kwa sababu jua huichakaza. Mchana unapofupika, mmea huacha kutengeneza mpya, huivunja iliyopo na kurudisha shinani kilicho na thamani, hasa nitrojeni. Ni kama mpangaji anayehama: kuta anaziacha, vyombo anabeba. Umanjano ulikuwemo siku zote, ukijani ndio uliokuwa umeufunika. Wekundu ni tofauti. Huo hutengenezwa upya, dakika za mwisho, kutokana na sukari iliyonaswa ndani ya jani, na rangi hiyo huitwa anthosianini. Ndiyo maana mchana wa jua na usiku wa baridi isiyofika kugandisha huleta mwaka mwekundu, na mawingu ya mfululizo huleta mwaka uliofifia. Ndiyo maana pia mmea mmoja uliozunguka pembe ya nyumba huwaka upande wa jua na kuishia manjano hafifu upande wa kivuli. Asiyejua hili hudhani ameuziwa mche mbovu.

Je, Dar es Salaam au Nairobi utawaka? Usitarajie. Nairobi urefu wa mchana hubadilika kwa dakika chache tu mwaka mzima, na baridi ya kuutisha mmea haipo. Anayetaka kuona jani likiwa jekundu kabla ya kuanguka Pwani ana mkungu, ule mti wa kungu unaotia kivuli viwanja na fukwe. Majani yake makubwa hugeuka rangi ya damu yakakauka na kudondoka bila kungoja Oktoba ya mtu. Ila mkungu ni mti, hautambai.

Huko kunakokubali, mimea inayotajwa zaidi ni miwili, yote ya ukoo wa mzabibu, ukoo mmoja na zabibu za Dodoma. Wa kwanza ni Parthenocissus quinquefolia, mwenyeji wa mashariki ya Amerika Kaskazini, ambao wenyewe huuita Virginia creeper. Jani lake limegawanyika vijani vitano kama vidole vya mkono. Wa pili ni Parthenocissus tricuspidata, jani moja lenye ncha tatu. Huu huitwa aivi ya Boston, na jina hilo lina makosa mawili: si aivi, na asili yake ni Japani, Korea na China. Uliletwa Uingereza miaka ya 1860 na kina Veitch, ukoo wa wauza miche, kisha ukaenea Marekani. Ndio unaofunika ukuta wa uwanja wa besiboli wa Wrigley Field, Chicago, tangu 1937. Pale mpira ukipotelea ndani ya majani, mpigaji hupewa besi mbili, yaani vituo viwili vya kukimbilia, na mchezo unaendelea. Hakuna anayefikiria kuung'oa.

Watu huuchagua mtambaazi kwa rangi. Mimi ningeanza na swali jingine: unashika kwa nini? Rangi hukaa wiki mbili au tatu, mshiko ni wa miaka yote.

Kuna inayojisokota kwa vikono, vile vinyuzi unavyoviona kwenye mboga ya maboga vikiwa vimezunguka kijiti. Huo ni mshiko wa mzabibu wa Kijapani, Vitis coignetiae, wenye majani mapana kama sahani ya chakula, ambao kwangu ndio mzuri kuliko yote. Ukuta mtupu hauuwezi, unataka waya au fito. Kuna inayozungusha shina lenyewe, kama Celastrus orbiculatus wa Asia ya Mashariki, wenye majani ya manjano na vitunda vya rangi ya chungwa. Huu usiupande Marekani, hata ukipewa bure. Umetoroka bustanini ukaingia misituni, unanyonga miti mpaka inakufa, na baadhi ya majimbo yamepiga marufuku kuuuza.

Ile miwili ya ukuta ina mbinu yake. Ncha za vikono vyake zikigusa ukuta huvimba zikawa visahani vidogo, vikatoa gundi vikanata. Kisha kikono hukauka, kikawa kigumu, kikabaki palepale. Mwanasayansi Mwingereza Charles Darwin alikipima kimoja alichokadiria kuwa na umri usiopungua miaka 10. Tawi moja tu la kikono hicho lilibeba ratili mbili, karibu kilo moja, na kikono kizima kilikuwa na matawi matano. Piga hesabu ya ukuta wenye maelfu yake.

Kwa hiyo ukuta wa matofali mazima hauna neno, visahani havichimbi ndani. Ukuta wenye lipu inayobanduka, wa mbao, au uliopakwa rangi, achana nao. Niliwahi kuuvuta mmoja kwa papara kutoka kwenye mbao za banda. Ulitoka na rangi yote, na vidoa vya visahani vimebaki kama ndui. Njia ya busara ni kukata shina karibu na ardhi, kuuacha ukauke, ndipo uubandue polepole, na vidoa usugue kwa brashi ya waya.

Kuupanda si kazi kubwa. Chimba shimo nusu mita kutoka ukutani, kwa kuwa udongo wa chini ya ukuta huwa mkavu, mvua haiufikii vizuri. Laza mche ukielekea ukutani, mwagilia misimu miwili ya kwanza, na vichipukizi uviegemeze mpaka vijishike vyenyewe. Mwaka wa kwanza utadhani umekufa. Baadaye utauomba upunguze mwendo, kwani hupita mita 15 kwa urahisi. Mwisho wa majira ya baridi, kabla ya kuchipua, kata kila kilichosogelea madirisha, mifereji ya paa na vigae. Mche wa pili usinunue: tawi likilala ardhini hutoa mizizi lenyewe. Ila lisitoke nje ya ua. England na Wales ni kosa kisheria kuuotesha porini ule wa majani matano.

Wenye watoto wajue kwamba vitunda vyake vya buluu iliyoiva vina sumu kwa binadamu, ingawa ndege huvishambulia. Na kwa wageni wa Amerika Kaskazini, kuna mmea mwingine unaopanda miti na kugeuka mwekundu vilevile, Toxicodendron radicans, ambao utomvu wake huwasha ngozi na kuitoa malengelenge. Huo una vijani vitatu. Hesabu kabla ya kugusa, na ukiona vitatu kaa mbali, hata kama huenda ni aivi ya Boston changa, ambayo nayo hutoa vitatu ikiwa bado ndogo.

Majani yakianza kuanguka usikimbilie ufagio. Mitambaazi hii huangusha bapa la jani kwanza, na vikonyo vyake virefu vyekundu hubaki vimechomoza ukutani siku kadhaa, kama njiti za kiberiti, kabla ya kufuata. Utafagia mara mbili.