Ziara ya Chakula Kwenye Masoko ya Usiku ya Taiwan: Yanayosemwa na Yaliyopo

Mtu akitamka tu kwamba anakwenda Taiwan, ushauri humfikia kabla hajakata tiketi. Huyu atamwambia asithubutu kula barabarani. Yule atamwambia aende Shilin, soko maarufu la usiku katika mji mkuu wa Taipei, kwingine kote ni kupoteza muda. Na hakosekani wa tatu, anayejiamini kuliko wote, wa kumwambia kwamba kumlipa mtu akutembeze sokoni ni kutupa hela. Kila mmoja ana chembe ya kweli, ila makapi ndiyo mengi.

Kwa asiyeyajua, masoko haya ya usiku huanza kuchangamka kwenye saa kumi na moja jioni na kuendelea hadi karibu saa sita usiku. Mengi yalizaliwa kwenye viwanja vya mahekalu: watu walikuja kuabudu, wachuuzi wakaufuata umati. Raohe, mashariki mwa Taipei, lango lake bado limekaa ubavuni mwa hekalu la Ciyou lililojengwa mwaka 1753, na katika mji wa bandari wa Keelung soko la Miaokou limelizunguka hekalu la Dianji. Ziara ya kuongozwa kwa kawaida ni kutembea na kikundi kidogo kwa muda wa saa tatu hivi, chakula kikiwa ndani ya bei.

"Mwongozaji ni wa waoga. Chakula si unakiona kwa macho?"

Anayesema hivyo ana nusu ya ukweli. Kufika sokoni hakuhitaji mtu. Vituo vya treni vya Taipei vina vibao vya Kichina na Kiingereza, vibanda vingi vimebandika picha na bei, na kuagiza kwa kidole hakumkasirishi yeyote. Kama kazi ya mwongozaji ingekuwa kuonyesha njia, nisingekushauri umlipe hata senti.

Kazi yake iko kwenye yale ambayo jicho haliyaoni. Supu hii imechemshwa kwa mifupa ya nini? Kati ya vibanda vitatu vinavyouza kitu kilekile, kipi kinapika papo hapo na kipi kinapasha? Uanze na kipi usije ukashiba mapema? Hilo la mwisho watu hulidharau. Mtu akiwa peke yake, akila sahani moja ya chaza, kipande kimoja cha kuku wa kukaanga aliyepanuliwa kuliko uso wa mlaji, na kikombe cha chai ya maziwa, safari imekwisha. Mkiwa sita, sahani hiyohiyo mnaigawana, kila mtu anaonja kidogo, mnasonga mbele. Ndiyo siri ya wenye ziara kuahidi vyakula vinane au zaidi.

Hata hivyo usiinunue ziara kwa idadi ya vyakula. Vyakula kumi kwa kikundi cha watu ishirini ni foleni, si ziara. Angalia ukubwa wa kikundi, angalia ni soko gani, kisha mtumie mwongozaji swali moja la maana kuhusu chakula usichokula. Jibu lake litakuonyesha kama anawajua wapishi au anajua barabara tu. Na kama una usiku kadhaa mjini, lipia ziara usiku wa kwanza. Zilizobaki utajitembeza mwenyewe.

"Shilin ni kubwa, kwa hiyo ndiyo bora"

Shilin ni maarufu, na ukubwa wake si wa kubishaniwa. Lakini sehemu nzuri ya ukubwa huo ni nguo, viatu, vifuko vya simu na michezo ya kupasua baluni. Sehemu kubwa ya chakula ilipelekwa kwenye ukumbi wa jengo la soko lililofunguliwa mwaka 2011, na kula chini ya taa nyeupe za ukumbi si sawa na kula mtaani. (Ukienda hata hivyo, teremka kituo cha Jiantan, si kile chenye jina la Shilin.)

Anayefuata chakula namshauri Ningxia, mtaa mfupi katika wilaya kongwe ya Datong, ambako karibu kila meza ni ya kula. Raohe nayo ni rahisi kwa mgeni: ni barabara moja iliyonyooka ya mita 600 hivi, unaingia huku unatokea kule, hakuna kupotea. Ukiona ziara imekupangia mojawapo ya haya mawili badala ya Shilin, huyo aliyeipanga anafikiria tumbo lako.

"Chakula cha barabarani ni uchafu, utaugua"

Aliyewahi kula Forodhani pale Unguja anaijua kanuni: penye foleni ya wenyeji, chakula hakilali. Taiwan ni hivyohivyo, na kuna faida kwamba vingi vinapikwa mbele yako kwenye moto mkali. Maji ya bomba wenyeji wenyewe huyachemsha kabla ya kunywa, nawe fanya vivyo.

Ila kuna chakula kimoja kinachoonewa kila siku: kimanda cha chaza. Mgeni hukiangalia, huona kitu chenye utando unaonata na kuteleza, hukirudisha akidai yai ni bichi. Simama umtazame mpishi. Anamwaga mafuta kwenye sinia la chuma, anatupia chaza, halafu upawa wa uji mwembamba wa wanga wa viazi vitamu. Uji unapoanza kugeuka kutoka mweupe kuwa wa kuangaza ndipo anapasua yai juu yake, anatandika majani ya mboga, anapindua kwa mkupuo mmoja na kumalizia kwa mchuzi mwekundu mtamu. Ule utando ni wanga ulioiva. Watu wa Taiwan hupenda chakula kinachovutika na kudunda kidogo mdomoni, na huo ndio uhodari wa mpishi. Kama hupendi, hupendi, lakini usiseme hakijaiva.

"Utalishwa nyoka na wadudu"

Hii ina mzizi. Mtaa wa Huaxi, Taipei, uliwahi kuitwa uchochoro wa nyoka, na nyoka walichinjwa mbele ya watalii. Maduka hayo yalipungua moja baada ya jingine, na la mwisho lilifungwa mwaka 2018. Leo vinavyouzwa zaidi ni nguruwe, kuku, chaza, ngisi, unga wa ngano, wali, viazi vitamu na magimbi. Kinachomshtua mgeni ni tofu inayonuka (maziwa ya soya yaliyogandishwa), ambayo hulowekwa kwenye maji yaliyochachushwa. Harufu yake unaisikia mtaa mzima kabla hujakiona kibanda. Ikishakaangwa, nje inakuwa kavu, ndani laini, na huliwa na kabichi ya achari. Mdomoni ni mpole kuliko puani.

Na wale wanaoogopa pilipili watulie. Chakula cha Taiwan huelekea zaidi utamu kuliko ukali, na muuzaji kwa kawaida hukuuliza kwanza kama utie pilipili.

"Nisipoagiza nyama ya nguruwe, niko salama"

Hapa ndipo wasomaji wengi wa pwani watakaponielewa, na hapa ndipo mwongozaji anapostahili malipo yake yote.

Nguruwe wa kwenye mshikaki anaonekana, hana shida. Shida ni yule asiyeonekana. Vitunguu vya kukaanga vinavyonyunyizwa juu ya tambi mara nyingi vimekaangwa kwa mafuta ya nguruwe. Tambi nyembamba za chaza, ambazo kwa jina ni chakula cha baharini, huja pia na utumbo wa nguruwe kwenye bakuli lilelile. Kuku anaweza kuwa ametumbukizwa kwenye mafuta yaliyokaanga soseji dakika tano zilizopita. Pale Ningxia kuna viduara vya magimbi vya kukaanga, vya rangi ya dhahabu, foleni ndefu; kwa macho ni kitafunwa cha utamu tu, kumbe aina moja ina kiini cha yai la chumvi na nyama ya nguruwe iliyochambuliwa ikawa nyuzi. Ile keki ya wali inayouzwa kwenye kijiti, imevingirishwa kwenye unga wa karanga na kotmiri, weusi wake ni damu ya nguruwe. Juu ya hayo kuna mvinyo wa mchele, ambao wapishi huutia kama sisi tunavyotia ndimu.

Vibanda visivyotumia nyama huandika herufi 素. Inasaidia, lakini inazungumzia nyama, si mvinyo. Kwa Muislamu, njia iliyo safi ni kutafuta ziara iliyopangwa kwa ajili ya Waislamu tangu mwanzo, au kula mlo mkuu penye cheti cha halali. Chama cha Waislamu wa China, chenye makao yake Taipei, hutoa vyeti hivyo. Msikiti Mkuu wa Taipei, uliofunguliwa mwaka 1960, upo barabara ya Xinsheng Kusini, na supu ya tambi na nyama ya ng'ombe iliyo halali inapatikana mjini. Ukishashiba huko, sokoni unakwenda kwa matunda, viazi vitamu vya kuchoma, jeli ya aiyu iliyokamuliwa kwenye mbegu za aina ya mtini na kutiwa ndimu, na chapati nyembamba ya aiskrimu. Hiyo ya mwisho usiikose: muuzaji ana jiwe zima la kashata ya karanga, analipitishia randa kama fundi seremala, unga unamwagika juu ya chapati, anaweka mabonge ya aiskrimu, kotmiri mbichi, anafunga. Kotmiri na aiskrimu, ndiyo. Onja kwanza.

"Kikipata nyota za Michelin, bei imepaa"

Mwongozo wa Michelin, kitabu cha Kifaransa kinachopima migahawa kwa nyota, uliingia Taipei mwaka 2018, na vibanda vya masoko ya usiku vimo, wala si kwa nyota. Vimo kwenye orodha ya Bib Gourmand, ya chakula kizuri kwa bei nafuu. Mikate ya pilipili manga pale lango la Raohe ni mmojawapo wa mifano: wapishi wanajaza unga kwa nyama ya nguruwe yenye pilipili manga na majani ya vitunguu, wanapaka ufuta juu, kisha wanaibandika kwenye ukuta wa ndani wa tanuri la udongo lenye mkaa chini. Mmoja unaupata chini ya dola 100 za Taiwan. Kilichopaa ni foleni. Uache upoe kabla ya kuuma, maana mchuzi wa ndani unachoma.

"Patana bei, na usisahau bahshishi"

Chakula hakipatanwi, bei imeandikwa. Beba noti ndogo, vibanda vingi hutaka pesa taslimu. Bahshishi si desturi ya Taiwan, isipokuwa kwenye zile ziara zinazotangazwa kuwa za bure; hizo mwongozaji wake huishi kwa utakachompa.

"Soko la usiku lipo kila usiku"

Taipei, karibu kila usiku. Tainan, mji wa kusini, hapana. Huko masoko makubwa hupokezana siku, na wenyeji wana kiitikio cha kukumbuka zamu za Dadong, Wusheng na Huayuan kuanzia Jumatatu: da, da, wu, hua, da, wu, hua. Huayuan, lililo kubwa zaidi, hufunguliwa Alhamisi, Jumamosi na Jumapili tu (Jumamosi hufunguka pamoja na Wusheng, ingawa kiitikio hakilitaji). Ukifika Jumanne utakuta kiwanja kitupu.

"Chai ya punje nyeusi ni kinywaji cha kale cha Wachina"

Ni ya miaka ya 1980. Kampuni mbili za chai, Chun Shui Tang ya mji wa Taichung na Hanlin ya Tainan, kila moja inadai kuianzisha. Zilishtakiana kwa miaka, hadi mwaka 2019 mahakama ikasema hiki ni kinywaji ambacho yeyote anaweza kukichanganya, hakuna haja ya kuamua nani alitangulia. Zile punje zenyewe ni wanga wa muhogo, usizitafutie maajabu.

Ukishakunywa utahangaika na kikombe, kwa sababu mapipa ya taka mitaani ni adimu. Watu wa huko husubiri gari la taka, linalopita likipiga muziki wa Für Elise wa Beethoven, wakatupe wenyewe. Mwongozaji mzuri hubeba mfuko. Na kama kikombe bado kina chai ukifika kituoni, kinywee nje: ukishapita mstari wa njano ulio kabla ya mageti ya treni za Taipei hairuhusiwi kula wala kunywa, hata maji, na faini ni kati ya dola 1,500 na 7,500 za Taiwan.