Siku Mandela aliposhindwa kesi

Septemba 22, 1995, Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini ilimwambia Rais Nelson Mandela kwamba amevuka mpaka. Mahakama hiyo ilikuwa na miezi saba tu tangu yeye mwenyewe aifungue. Kiongozi wake, Jaji Arthur Chaskalson, alikuwa mmoja wa mawakili waliomtetea Mandela kwenye kesi ya Rivonia, iliyonusura imfikishe kitanzini. Na aliyeshinda siku ile ni serikali ya jimbo la Western Cape, iliyokuwa mikononi mwa chama cha National, chama kilekile cha makaburu kilichomtupa gerezani miaka 27.

Ugomvi wenyewe haukuwa na mvuto wowote. Uchaguzi wa serikali za mitaa ulikuwa umekaribia, na Bunge lilikuwa limempa Rais uwezo wa kurekebisha sheria ya mpito ya serikali hizo kwa kutoa tangazo tu, bila kurudi bungeni. Mandela akautumia, akalipunguzia jimbo madaraka yake. Jimbo likashtaki. Majaji wakasema kazi ya kutunga sheria ni ya Bunge, na Bunge haliwezi kumkabidhi Rais kalamu aifute na kuiandika upya sheria lililoipitisha. Matangazo yakabatilishwa, Bunge likapewa muda wa kurekebisha mambo.

Mandela akajitokeza hadharani, akasema anaikubali hukumu.

Tukizungumza na wananchi kuhusu nchi zilizotoka kwenye utawala wa mabavu, wengi hutaka kusikia habari za ile misururu ya wapiga kura ya Aprili 1994. Mimi huanza na kesi hii ya matangazo. Misururu ile ilimweka madarakani kiongozi aliyependwa kuliko wote, na kiongozi wa namna hiyo ndiye mgumu kuambiwa hapana. Akiambiwa, akakubali na kutii, walio chini yake wanakosa kisingizio.

Ili kuona uzito wa jambo hilo, inabidi turudi nyuma kidogo. Makaburu walikuwa na mahakama, tena zenye majoho, majalada na Kiingereza safi. Mwaka 1952 Mahakama ya Rufani ilithubutu kubatilisha sheria iliyowaondoa wapiga kura machotara wa Cape kwenye daftari la pamoja. Serikali ikajibu kwa kutunga sheria nyingine iliyoligeuza Bunge lenyewe kuwa mahakama ya juu kuliko zote, wabunge wakae waamue rufaa dhidi ya sheria zao wenyewe. Kesi ya ngedere, hakimu nyani. Hiyo nayo ikabatilishwa. Mwaka 1955 wakaja na mbinu ya tatu: Seneti ikaongezwa kutoka viti 48 hadi 89 ili kupata theluthi mbili, na ikaamriwa kwamba kesi za namna hiyo zisikilizwe na majaji 11 wa rufani, jambo lililofungua nafasi za kuteua wapya. Mwaka uliofuata machotara wakaondolewa, na safari hii mahakama haikuona kosa.

Baada ya hapo mahakama zilizoea. Sheria ya mwaka 1963 iliruhusu polisi kumweka mtu ndani siku 90 bila kumfikisha kwa hakimu. Ya 1967 ikaondoa hata huo ukomo. Oktoba 1971 Ahmed Timol, mwalimu wa miaka 29, alianguka kutoka ghorofa ya kumi ya kituo cha polisi cha John Vorster Square, Johannesburg, akiwa kizuizini. Uchunguzi wa kifo ukafanywa kwa taratibu zote, hakimu akaandika kwamba amejiua. Jina hili tulishike, tutalirudia.

Basi mwaka 1993, wajumbe wa mazungumzo ya mpito walipokaa kuandika Katiba ya muda, swali lilikuwa: majaji hawa tuwafanye nini? Kenya, baada ya Katiba ya 2010, iliamua kuwapitisha majaji na mahakimu wote kwenye bodi ya uhakiki, na baadhi wakaambiwa hawafai. Afrika Kusini haikwenda njia hiyo. Iliwaacha wa zamani kwenye viti vyao, ikajenga juu yao mahakama mpya ya majaji 11 yenye neno la mwisho katika mambo ya Katiba. Humo wakaingia watu kama Pius Langa, aliyewahi kuwa mkalimani wa mahakama, na Albie Sachs, aliyepoteza mkono wa kulia na jicho moja kwa bomu lililotegwa kwenye gari lake Maputo mwaka 1988. Kwa maoni yangu Kenya ilikuwa na ujasiri zaidi katika hili, ingawa njia ya Afrika Kusini ilikuwa na ghasia chache.

Kesi ya kwanza ya mahakama hiyo ilisikilizwa Februari 1995, na ilihusu adhabu ya kifo. Katiba ya muda ilikuwa imelikwepa suala hilo kwa makusudi. Juni 6, majaji wote 11 waliifuta, kila mmoja akiandika sababu zake. Kilichonigusa mimi ni kwamba hukumu hiyo imeitazama Tanzania. Mwaka 1994 Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu, katika kesi ya Mbushuu, alisema adhabu ya kifo inavunja Katiba yetu. Mahakama ya Rufani, Januari 1995, ikakubali kwamba ni adhabu ya kikatili na inayomdhalilisha binadamu, lakini ikaona Katiba inairuhusu kwa maslahi ya umma. Chaskalson aliusoma uamuzi huo wa rufani, akaujadili, kisha akashika njia nyingine. Alikiri kwamba huenda wananchi wengi wa Afrika Kusini wanaitaka adhabu hiyo, ila akasema kama ni kuhesabu maoni ya wengi, basi hapakuwa na haja ya mahakama. Haki za binadamu zimewekwa kwa ajili ya wale wasioweza kujilinda kwa kura, wakiwemo wabaya kabisa miongoni mwetu. Majaji kadhaa walitegemea neno lililokuwa limeandikwa mwishoni mwa Katiba ya muda ya Afrika Kusini: ubuntu. Sisi tunaliita utu, na tunalitaja zaidi misibani kuliko mahakamani.

Ukibahatika kufika Johannesburg, nenda Braamfontein ukaione mahakama hiyo. Imejengwa mahali palipokuwa gereza la Old Fort, ambako Gandhi na Mandela kwa nyakati tofauti walifungiwa. Jengo la mahabusu lilibomolewa na matofali yake yakatumika kwenye kuta za ukumbi wa mahakama. Ngazi zake nne zimeachwa zimesimama palepale. Mbele ya meza ya majaji kumetandazwa ngozi za ng'ombe, kila jaji na yake, madoa hayafanani. Nyuma kuna dirisha jembamba refu, limekwenda usawa wa ardhi ya nje, kwa hiyo aliye ndani huona miguu ya wapita njia: viatu vya ofisini, raba, kandambili. Wenye miguu hiyo huwaoni sura.

Sasa tusijidanganye. Oktoba 2000 mahakama hiyo iliamua kesi ya Irene Grootboom na wenzake, watu wazima 390 na watoto 510, waliokuwa wakilala kwenye uwanja wa michezo wa Wallacedene, jirani na Cape Town, chini ya mahema ya plastiki. Ilisema mpango wa makazi wa serikali unakiuka Katiba kwa kutowajali walio katika shida kubwa kabisa. Hukumu hiyo hufundishwa dunia nzima. Mama Grootboom alifariki mwaka 2008 bila kupata nyumba. Miaka miwili baada ya hukumu yake, majaji walielekea kujifunza: katika kesi ya nevirapine, dawa ya kupunguza maambukizi ya VVU kutoka kwa mama kwenda kwa mtoto, mwaka 2002, hawakuishia kutangaza haki, waliiamuru serikali iondoe vizuizi na kuwapa dawa hiyo wajawazito wenye VVU katika hospitali na kliniki za umma, kila inapohitajika kitabibu. Dawa zilitolewa.

Na Juni 2021 ikawa zamu ya rais mstaafu. Jacob Zuma alikataa kufika mbele ya tume iliyochunguza ufisadi licha ya amri ya mahakama. Jaji Sisi Khampepe akasoma hukumu: miezi 15 jela kwa kuidharau mahakama. Zuma alijisalimisha usiku wa Julai 7, saa ikikaribia sita. Siku chache baadaye maduka na maghala ya KwaZulu-Natal na Gauteng yalikuwa yakiwaka moto, na zaidi ya watu 300 walikufa. Kutii hukumu mwaka 1995 kulimgharimu Mandela fahari kidogo tu.

Waliobaki nje ya mkono wa sheria kwa muda mrefu zaidi ni watu wa utawala wa zamani. Tume ya Ukweli na Maridhiano ilitoa msamaha kwa waliokiri kila kitu kuhusu uhalifu wao wa kisiasa wa enzi hizo. Familia ya Steve Biko, mwanaharakati aliyekufa akiwa mikononi mwa polisi mwaka 1977, ilipinga mpango huo mahakamani mwaka 1996, ikashindwa. Ambao hawakukiri walipaswa kushtakiwa. Miaka ikapita, majalada yakakaa kabatini. Ndugu wa Timol hawakuchoka kudai, na Oktoba 2017 Jaji Billy Mothle alitamka kwamba mwalimu yule hakujirusha, alisukumwa. Ilikuwa miaka 46 tangu afe. Mwaka 2018 askari mmoja mstaafu, aliyedai kuwa ndani ya chumba kile Timol aliporuka, alishtakiwa kwa mauaji. Alipinga kushtakiwa, akashindwa, akakata rufaa, akashindwa tena. Septemba 2021 alifariki, kesi ya mauaji ikiwa haijaanza kusikilizwa.

Mwaka 2025 Rais Cyril Ramaphosa aliunda tume ya kuchunguza nani alizuia kesi hizo zisifike mahakamani. Mwenyekiti aliyeteuliwa ni Khampepe.